Ngozi za Wakyeni

Mama alipotutoka, ndugu zangu waligawana vitu vya maana: kitanda, sufuria kubwa, mbuzi, na ile redio iliyokuwa haisemi neno mpaka betri zianikwe juani kwanza. Mimi nikaomba karai. Mdogo wangu alicheka, akaniambia, "Ndunge, karai lenyewe limetoboka. Utabebea nini?" Nikamwambia hilo si la kubebea. Hakuelewa, na sikumlaumu, kwa kuwa wakati wa mambo haya yeye alikuwa bado anabebwa mgongoni.

Limekaa nyuma ya jiko langu tangu siku hiyo. Ni karai la bati, lile la kubebea udongo na kokoto, ila tako lake limebonyea kila mahali kama uso wa mtu aliyeugua ndui. Juzi mjukuu wangu alilifunua, kuku wakatoka chini yake wakipiga kelele, naye akaokota jiwe akaligonga. Tii! Ile sauti, pamoja na harufu ya kutu na ya udongo mkavu iliyoinuka, ilinikalisha chini. Mtoto akaniangalia.

"Susu, hii ni ngoma?"

"Ni ngoma," nikamwambia. "Ni ya malkia. Piga polepole."

Naitwa susu, yaani nyanya, na bado meno yangu yote yamo. Niliolewa mapema na binti yangu naye akafanya haraka, hivyo uzee umenikuta njiani kabla sijaufikia. Shule yangu iliishia darasa la nne. Naandika jinsi ninavyoongea, na nikipita kando mtanisubiri hapo barabarani nirudi. Ninyi wa rika langu mnajua kusubiri. Mlichota maji kwenye mchanga wa mto kwa kikombe, mkakaa mkingoja kishimo kijae tena, na nyuma yenu punda anapiga kwato kwa kiu.

Nyumbani kwetu ni upande wa Ndithini. Huko mvua ikikosa, inakosa kabisa, na ikija inakuja na hasira. Shamba letu lilikuwa limelala kwenye mteremko, na ndani yake kulikuwa na korongo jekundu. Watu wasiolima hudhani korongo huteremka. Hapana, jamani, korongo hupanda. Maji ndiyo huteremka. Korongo lenyewe huanzia bondeni, na kila mvua hula kidogo kwenda juu, kama moto unavyokula kamba. Letu lilikuwa limeshameza mipapai na zizi la zamani, na sasa mdomo wake ulikuwa karibu na jikoni kiasi kwamba Mama akimwaga maji ya kuosha vyombo, tulisikia yakianguka.

Baba alikuwa Nairobi akilinda nyumba za watu, tukimwona wakati wa sikukuu. Mama naye, mguu wake wa kushoto ulikuwa umekauka kwa ugonjwa alipokuwa mdogo. Alitembea kwa kuurusha mbele, kisha kuufuata. Mimi sikuwahi kuona kwamba ni kilema. Nilifikiri ndivyo akina mama wote wanavyotembea, na wale wengine wana haraka tu.

Jioni, baada ya kuosha vyombo, alikaa akisokota katani juu ya paja la ule mguu mzima, nyuzi zikitoka chini ya kiganja chake zimejikunja kama nyoka wadogo weupe, na hapo ndipo alipotuambia habari za Wakyeni. Kyeni kwetu ni mwanga. Mchana hakukubali kutoa hadithi hata ukilia. Alisema ukitoa hadithi mchana, ng'ombe wanapotea. Tulikuwa hatuna ng'ombe, lakini alisema ng'ombe wa watu pia ni ng'ombe.

Wakyeni, alisema Mama, ni watu walioumbwa kwa mwanga mtupu. Nchi yao iko kule ambako jua limegeuzia kisogo chake, nao hushuka kwetu asubuhi kwa kupitia miali, kama wewe unavyoshuka mti. Hawana mifupa wala damu. Hawana kivuli, ila wakisimama karibu na mtu, kivuli cha mtu huyo huwa na rangi kidogo pembeni. Hawali ugali wala muthokoi wa mahindi yaliyokobolewa. Wanakula umande, na ndiyo maana ukichelewa kuamka hukuti umande, wameshamaliza. Hawana sauti pia. Wanazungumza kwa kumweka, yaani kutoa mwanga wa ghafla kama umeme: mmoja anamweka hapa, mwingine anajibu kule. Na hawawezi kusema uongo, maana Mkyeni akidanganya, sehemu fulani ya mwili wake inazimika. Kulikuwa na Mkyeni mmoja muongo kabisa, alibaki anawaka kidole kimoja tu cha mguu, na huyo ndiye tunayemwona usiku akipita kwenye nyasi. Tulicheka hapo kila mara, kana kwamba hatujawahi kusikia.

Malkia wao aliitwa Ndata. Ndata alikuwa na mguu mmoja uliozimika. Haukuzimika kwa uongo. Siku moja Mlaudongo, lile jitu la mdomo mwekundu linalokula mashamba, lilikuwa karibu kumeza nyumba ya watu, na Ndata akauweka mguu wake katikati ya meno ya jitu. Watu wakapona, mguu ukabaki giza. Tangu siku hiyo Ndata hakimbii vitani. Anakaa juu ya jiwe, na kazi yake ni kuwaunganisha wenzake, kwa sababu Wakyeni wana udhaifu mmoja: kila mmoja akimweka kivyake, Mlaudongo hasikii chochote. Wakimweka pamoja, anafumba mdomo. Na wao wanapigana kwa namna moja tu. Wanautoa udongo kinywani mwake na kuurusha juu. Kuurusha chini hawafanyi kamwe.

Sasa mnaniuliza, tuliamini? Tulikuwa na ushahidi! Kila mtoto wa kwetu anajua vile vipande vinavyong'aa kwenye mchanga wa mto, vyembamba, unavibandua kwa kucha tabaka kwa tabaka kama kitunguu, na ukiviinua unaona jua la dhahabu ndani yake. Hizo, alisema Mama, ni ngozi za Wakyeni. Wakikua wanazivua kama nyoka, nazo zinaanguka mtoni. Na Mkyeni bila ngozi yake ya zamani husikia baridi, kwa hiyo mtu akimrudishia, Mkyeni huyo hana budi kumtendea jambo moja atakaloomba. Kukataa hawezi. Akikataa, anazimika.

Mimi nilikuwa na mkebe wa mafuta ya kupikia umejaa ngozi hizo. Nilikuwa nazihifadhi kama watu wengine wanavyohifadhi mbegu, bila kujua nitaomba nini.

Halafu niliwaona wenyewe. Mkikaa mlangoni kwetu asubuhi, jua likiwa mgongoni, mbele yenu kuna bonde, na ng'ambo ya bonde kuna kilima kirefu. Ni mbali. Mtu hawezi kuonekana, hata ng'ombe ni kitone. Asubuhi moja, wakati wa likizo, kilima kile kilianza kumweka. Si mwanga mmoja. Ilikuwa mianga mingi kwenye mstari, na yote ikimweka kwa pamoja: pa! Kimya. Pa! Kimya. Nilibaki na kijiko mdomoni, uji ukinidondokea kifuani.

Mama alikuwa ameshaondoka. Siku hizo alikuwa akienda mwethya. Nawaambia watoto wangu hawaamini, lakini ninyi mnakumbuka: wanawake wa kijiji wanakusanyika, leo wanachimba matuta kwa mama huyu, wakimaliza wanahamia kwa mwingine, mpaka kila shamba limefungwa. Wakati huo walikuwa kwa kina Nduku, nami nilidhani kwa kina Nduku ni huko nyuma ya kilima. Jioni nilimwambia Mama nimewaona Wakyeni. Hakucheka. Aliacha kusokota.

"Walikuwa wanafanya nini?"

"Wanamweka pamoja, Mwaitu. Wote pamoja!"

"Pamoja kabisa?"

"Kabisa."

"Vizuri," akasema, akaanza kusokota tena, na nikaona mdomo wake unatabasamu peke yake upande mmoja. Mwaitu ni mama. Hilo nalo nalieleza kwa ajili ya walioolewa kwetu kutoka mbali.

Kutoka siku hiyo sikukosa kukaa mlangoni. Nilijifunza tabia zao. Saa ya jua kali walipumzika. Siku za soko la Kithimani walikuwa wachache. Na kulikuwa na siku moja Mama alishikwa na mguu, ukavimba gotini, akabaki nyumbani amelala. Asubuhi ile kilima kilinishangaza. Mianga ilikuwa imevurugika. Mmoja huku, mwingine kule, halafu hakuna, halafu mitatu inagongana. Nikaingia ndani mbio.

"Mwaitu, leo Wakyeni wanagombana!"

Mama akajiinua kwa kiwiko. "Wanagombana?"

"Kila mtu anamweka kivyake."

Kisha akalala tena chali, akaangalia mabati, akasema, "Kumbe," basi. Neno hilo moja. Lakini nilimwona, na leo nikifumba macho namwona: uso wa mtu aliyeletewa habari njema akaamua kuila peke yake polepole.

Sasa nimlete Mwende. Mwende alikuwa rafiki yangu, mtoto wa Mama Kioko wa boma la pili kutoka kwetu, na alikuwa na ulimi. Mama Kioko ndiye aliyekuwa kiongozi wa mwethya, mwanamke mrefu, mikono kama ya mwanamume, na alikuwa akivaa fulana ya kampeni iliyofifia mpaka uso wa mgombea umebaki masharubu tu. Nilimwonyesha Mwende kilima.

"Hayo ni mabati ya mtu," akasema.

"Mabati yanapepesa macho?"

"Basi ni chupa. Ndunge, wewe unapenda uongo kama mama yako."

Nikamwuliza mama yangu amedanganya nini. Akachora chini kwa kidole cha mguu, akasema, "Mama yako halimi. Anaenda mwethya kukaa. Wanawake wote wamechoka na yeye. Mtatolewa, na kwenu hakutachimbwa."

Nilimrukia. Tulipigana vizuri sana, nikang'oa kifungo chake, naye akaniachia alama hii niliyo nayo kwenye nyusi. Lakini maneno yaliniingia. Kwa sababu nilijua hesabu yake: kwenu kusipochimbwa kabla ya mvua, korongo linaingia jikoni.

Na jioni ya Ijumaa Mama Kioko alikuja mwenyewe. Alikataa kiti. Nilikuwa nimejificha nyuma ya gunia, nikasikia yote.

"Mimi sina ubaya na wewe," akasema, "lakini wanawake wanasema. Kila nyumba inatoa jembe. Nyumba yako inatoa mdomo."

"Ni kweli," Mama akasema.

"Si mimi. Ni wao. Kesho tukimaliza kwa kina Nduku tutakaa chini tuamue. Nimeona ni heri nikuambie mbele ya macho."

"Asante, Mama Kioko. Kesho nitakuja."

"Hata kama..."

"Nitakuja."

Alipotoka, Mama alisokota katani mpaka paja likawa jekundu. Sisi tulikaa tukisubiri hadithi, na hadithi haikuja. Hapo ndipo nilipojua nitaomba nini.

Asubuhi nilimwacha Mama atangulie, nikamkabidhi shangazi yangu yule mdogo wangu wa mgongoni, nikachukua mkebe wangu. Mpango wangu ulikuwa rahisi. Nitavuka bonde, nitapanda kilima, nitawakuta Wakyeni kabla hawajapumzika, nitawarudishia ngozi zao, zote, na nitaomba jambo moja: waje wapige Mlaudongo kwetu. Wanawake wakimtoa Mama, wamtoe tu. Hatutawahitaji.

Mwende alinikuta mtoni. Kifungo alikuwa amekishonea uzi wa rangi nyingine.

"Unaenda wapi na huo mkebe?"

"Kwa Wakyeni."

"Nitakuja nione vile utaaibika," akasema, na akanifuata. Njiani alinisaidia kubeba. Hivyo ndivyo Mwende alivyo mpaka leo, anakutukana huku amekubebea mzigo.

Tulipanda. Mkebe ulikuwa mzito kuliko nilivyowaza, na vumbi lile linalong'aa lilinipaka mikono na kifua, maana mfuniko haukufunga vizuri. Nusu ya njia tuliacha kuona mianga, kwa vile mlima ukiupanda unajificha nyuma ya tumbo lake. Lakini tulianza kusikia. Kwanza, tii. Tii. Kama kengele ya mbuzi mkubwa sana. Kisha sauti ya mtu mmoja, kisha sauti za watu wengi zikimjibu, na kila mwisho wa jibu kishindo ardhini.

Tulitokea kwenye ukingo. Sikuona Wakyeni. Niliona wanawake wa kwetu.

Walikuwa wamejipanga kwa mstari kukata kilima, mbele na nyuma, leso zimefungwa viunoni, wakichimba mtaro na kuutupa udongo upande wa juu. Mnaifahamu kazi hiyo, ndiyo tunayoiita fanya juu, na wageni walikuja kuipiga picha. Udongo hautupwi chini kwenye urahisi. Unarushwa juu, dhidi ya mlima, ili uwe ukuta. Majembe na sepetu zilikuwa zimesuguliwa na ule mchanga mpaka zimekuwa vioo. Yakipanda kwa pamoja, jua lililokuwa mbele yao liliyapiga yote kwa mara moja: pa! Kisha kishindo. Pa! Kisha kishindo.

Na kwenye jiwe, pembeni, mguu wake uliokauka umenyooshwa mbele, alikuwa ameketi Mama. Karai lilikuwa limefunikwa mapajani mwake na alikuwa akiligonga kwa kipande cha jiwe. Alikuwa anaimba. Sikujua mama yangu ana sauti ya namna ile. Nyumbani aliongea chini chini, kama mtu anayeogopa kuamsha mtoto. Hapa sauti ilitoka kifuani ikapita juu ya vichwa vyote ikaenda kugonga ng'ambo ikarudi. Na alichokuwa anaimba kilikuwa Ndata! Alikuwa anaimba Mlaudongo na mdomo wake mwekundu, na wanawake wanamjibu, "Rusha juu! Rusha juu!"

Nilipasuka. Sikuogopa, jamani, nilikasirika. Nilipiga kelele, "Mwaitu! Ulisema hadithi haitolewi mchana!"

Jiwe likakosa karai. Mama akageuka, na wimbo ukakatika. Na hapo niliona kitu ambacho mimi peke yangu katika kilima kile ndiye niliyekuwa nakijua tayari: majembe yakavurugika. Moja likapanda huku, lingine kule, mawili yakagongana, mtu akasema, "Angalia mguu wangu, wewe!" Ilikuwa ile ile asubuhi ya ugomvi.

"Kuimba si kutoa hadithi," Mama akasema, akitweta. "Ndunge, umefuata nini huku?"

Mama Kioko alikuwa ameegemea jembe lake. "Ndiyo, hebu tuambie. Na wewe Mwende, mbuzi uliwaachia nani?"

Mwende akanisukuma mbele. Sikujua la kusema, na mtu akikosa la kusema husema ukweli. Nikainua mkebe. "Nimeleta ngozi zenu."

"Ngozi gani?"

"Zile mlivua." Nikaanza kulia hapo, lakini sikunyamaza. "Mimi niliwaona kutoka nyumbani. Kila siku mnamweka pamoja. Siku Mwaitu aliumwa akalala, mlikuwa mnagombana. Kila mtu alikuwa anamweka kivyake. Nilimwambia. Mwulizeni."

Kisha mwanamke mmoja mnene mwishoni mwa mstari akapiga paja. "Woi! Siku ya ule uji! Si tuligombana kweli? Si ni wewe ulimaliza uji wa watu?"

"Mimi? Ni nyinyi mlilala badala ya kuchimba!"

"Tulichimba nini siku hiyo? Onyesha! Hata mtaro wa kulaza mbwa hatukumaliza!"

Wakacheka mpaka wengine wakakaa chini. Mama hakucheka. Alikuwa ameinamia karai, anakwaruza kutu kwa ukucha. Mama Kioko pia hakucheka. Alikuwa anatazama ng'ambo ya bonde, kwenye paa letu dogo, akipima umbali kwa macho, kisha anatazama majembe, kisha Mama.

"Mtoto ameona kutoka kule," akasema taratibu. "Kutoka kule mbali ameona siku ambayo huyu hayupo. Na sisi tulio hapa tunauliza anafanya kazi gani."

Akaja kwangu, akapiga magoti vumbini, yule mwanamke mrefu, akaingiza vidole vyake kwenye mkebe. Alichagua kipande kimoja, akakipuliza, akakiinulia jua. Mwanga wa dhahabu ukamwangukia shavuni.

"Hii ni yangu," akasema. "Nilikuwa nashangaa kwa nini nasikia baridi."

Yule mnene akaja. "Na yangu iko? Mimi tafutia kubwa."

Wakaja wote. Walipanga mstari, naapa, watu wazima wenye wajukuu, kila mmoja akachukua ngozi yake akaitia kifuani kwenye sidiria au kwenye pindo la leso. Hakuna aliyenibeza hata kwa jicho. Walikuwa wameimba Ndata tangu kiangazi kilipoanza. Walijua sheria kama mimi.

"Sasa," Mama Kioko akasema akisimama, "aliyerudisha ngozi anaomba. Omba, mtoto."

"Mkuje kwetu," nikasema. "Korongo limefika jikoni."

"Wanawake, mmesikia?"

"Tumesikia!"

"Zamu yao ilikuwa ya mwisho. Kuna mtu anataka kukataa?"

"Tuzimike?" mnene akauliza, na kilima kizima kikalipuka tena kwa kicheko. Mkutano waliokuwa wameupanga sikuuona ukikaliwa. Mama aligonga karai, tii, wakarudi kwenye mstari, na mimi na Mwende tukakaa miguuni pake mpaka saa ya kupumzika. Wakati fulani, bila kuacha kuimba, aliweka mkono wake wenye vumbi juu ya kichwa changu, na akaugonga utosi wangu kwa kidole kufuata mdundo. Nimepewa zawadi maishani. Nimeitwa kwenye harusi za watu wakubwa kutoa hadithi, nimesimamishwa mbele ya mashule, nimevishwa taji la maua mwisho wa mashindano. Kidole kile kinashinda.

Jumatatu walikuja kwetu. Walianzia chini, mdomoni mwa korongo, wakapanda nalo hatua kwa hatua, wakilizibia kwa mawe na kulifungia matuta kila upande. Mama aliweka jiwe lake karibu na mlango wa jikoni. Mvua ilipokuja, ilikuja na hasira zake zile zile, nasi tulisimama mlangoni usingizi umeisha, tukisikiliza. Maji yalifika kwenye kila tuta, yakasimama, yakanywewa. Korongo halijapanda tena. Liko pale lilipokomea, limeota nyasi na mipapai mipya, na jiko liko pale pale, ingawa sasa mdogo wangu amelijenga kwa matofali na anajiona.

Lakini naruka. Nilitaka kuwaambia habari ya siku ile ya Jumatatu, mchana, jua limeshavuka na kuelekea ng'ambo. Mwende alikuwa ametumwa kilima kile kuchunga mbuzi wao. Sisi kwetu tunachimba, yaani wanachimba, mimi nabeba maji, na ghafla namwona Mwende anapanda kutoka bondeni mbio, bila mbuzi hata mmoja, gauni limeshikwa mkononi.

"Ndunge! Ndunge! Nimewaona!"

"Nani?"

"Wakyeni! Wako kwenu! Nimewaona kutoka kule juu, wamejaa shamba lenu lote, wanamweka pamoja!"

Nilitazama mstari wa wanawake, na Mama Kioko katikati yake na fulana yake ya masharubu. "Mwende," nikamwambia, "huyo si ni mama yako?"

"Najua ni mama," akasema akihema, macho yake bado yamejaa ule mwanga. "Ndiyo nakwambia nimewaona."

Mama alikuwa amesikia, pale jikoni kwake. Alinyoosha vizuri ule mguu, akapiga karai, na majembe yote yakapanda.